Jina la Tatu

Juma lililopita mjukuu wangu alibanwa na mafua, nikamchemshia majani ya mlingoti, mti ambao wengine huuita mkaratusi. Mama yake, ambaye amesoma, alikunja pua akaniambia, "Mama, siku hizi kuna dawa za kupaka." Nikamjibu apake anachotaka kupaka, mimi nachemsha. Mvuke ulipopanda na ile harufu kali ya majani ikajaa jikoni, harufu inayopenya puani mpaka machozi yanakutoka, ilinibidi nikae chini. Sikuwa tena Mbeya mjini kwenye nyumba ya umeme. Nilikuwa na miaka kumi na miwili, kijijini kwetu juu ya Makambako, mwezi wa sita, baridi ya kukata masikio, na mdogo wangu mgonjwa yuko mapajani mwangu.

Nataka kuwasimulia habari hiyo, na nitaisimulia kwa mtindo wangu, maana mimi ni fundi cherehani, si mwalimu. Mnivumilie.

Baba yangu alikuwa seremala. Mabenchi yote ya kanisa letu la Kilutheri aliyatengeneza yeye, na mimbari, na kile kiti cha Mchungaji chenye mikono. Alikuwa mtu wa maneno machache, na nguo zake zilinukia vumbi la mbao hata siku ya sikukuu. Aliniita "Mama" kwa sababu nilirithi jina la mama yake, Eliza, na kwa heshima hiyo hakunipiga hata mara moja. Kazi ya fimbo aliiachia mama yangu mzazi, naye aliifanya vizuri sana.

Miaka ile reli ya kwenda Zambia ilikuwa inajengwa na mafundi walitafutwa kila mahali. Baba akaenda Mbalizi kujenga nyumba za wafanyakazi, akakaa miaka miwili. Wenzake walirudi na redio, na baiskeli, wengine na wake wa pili. Baba alirudi na msumeno mpya na imani mpya.

Huko Mbalizi alikutana na kikundi kidogo cha mafundi waliosoma Biblia pamoja kila Jumamosi. Watu hao waliamini Mungu mmoja kama sisi, na walisema katika Mungu huyo mmoja mna nafsi mbili, Baba na Mwana. Basi. Roho Mtakatifu, kwao, hakuwa nafsi ya tatu. Alikuwa pumzi na nguvu ya hao wawili. Baba alitueleza hayo siku ya pili tu baada ya kurudi, tumekaa jikoni tunakula viazi vya kuchoma.

"Mama Eliza," alimwambia mama, "mimi ni fundi wa viti. Nimesoma Kitabu chote nikihesabu viti. Baba amekaa kwenye kiti cha enzi, Mwana amekaa mkono wake wa kuume. Mkono wa kushoto amekaa nani? Hakuna. Viti ni viwili."

"Na Roho je?"

"Roho ni pumzi yao. Mimi hapa napumua, lakini ukipakua ugali huipakulii pumzi yangu sahani yake."

Mama aligeuza kiazi kwenye majivu. "Na hiyo pumzi ikikatika," akasema, "huo ugali nitampakulia nani?"

Baba alicheka, lakini hakubadilika. Jumapili iliyofuata ndiyo siku tuliyojua hatujui. Kanisa zima lilisimama kukiri imani. Fungu la kwanza, la Mungu Baba, baba yangu alilisema kwa besi iliyotetemesha vioo vya dirisha. Fungu la pili, la Mwana, vilevile. Tulipofika fungu la tatu, la Roho Mtakatifu, akaketi. Peke yake! Benchi alilolitengeneza kwa mikono yake likalia kwiii, na kanisa zima likageuka. Mimi niliyekuwa ubavuni kwake nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Wazee wa kanisa walimwita wakamsihi, wakamwita tena, na baada ya miezi kadhaa wakamtenga. Kwetu kutengwa hakukuwa kufukuzwa. Uliruhusiwa kuingia ibadani, ila ulikaa benchi la nyuma na Meza ya Bwana hukuisogelea. Baba alikubali bila ugomvi. Alikaa benchi la nyuma, alisimama mafungu mawili, akaketi la tatu, na shughuli ikaendelea. Na kila mwisho wa mwezi alipanda basi kwenda Mbalizi kusali na wenzake, akarudi uso umechangamka kama mtu aliyetoka harusini.

Mwaka huo mimi nilikuwa darasa la kipaimara. Mchungaji wetu alikuwa mtu mwema, mnene, asiye na chuki na mtu, lakini alikuwa na ugonjwa mmoja: alipenda mno mifano. Siku moja alichora mafiga matatu ubaoni na chungu juu yake. "Ukiondoa figa moja," akauliza, "chungu kitakuwaje?"

"Kitamwagika!" wakajibu wenzangu wote, huku wananiangalia mimi.

Tangu siku hiyo jina langu likawa Mafiga Mawili. "Mafiga Mawili, kwenu mnapikaje?" "Mafiga Mawili, leo mmekula kibichi?" Nilipompelekea baba mfano ule karakanani, aliendelea kupiga randa mpaka mwisho wa ubao, kisha akasema, "Mwambie Mchungaji Mungu si chungu." Sikumwambia. Mdomo nilikuwa nao, lakini si wa kujitafutia viboko.

Wakati huohuo mama alijifungua mdogo wangu wa kiume. Kijijini kwetu mtoto alibatizwa kabla hajaota jino. Mchungaji alisema atambatiza kwa maji mara tatu na majina matatu, kama kanisa lilivyoagizwa. Baba alisema mara mbili. "Sitasimama mbele za Mungu nikamwitia mtoto nafsi nisiyoiamini," alisema. "Huo ni uongo, na uongo wa kwanza wa mtoto usitoke kwa baba yake." Mama alilia, akabembeleza, akasusa kupika, kisha akapika kwa sababu aliona wanaokonda ni sisi wengine. Jambo moja tu alimwahidi baba: kwamba hatampeleka mtoto kwa siri. Na mama akiahidi, ameahidi. Basi mtoto akabaki hivyohivyo, hana jina, tukawa tunamwita Kadogo.

Pengine ninyi mtaona hilo dogo. Kwetu halikuwa dogo hata kidogo. Mwaka uliotangulia jirani yetu alifiwa na mtoto ambaye hajabatizwa. Kengele ya kanisa haikugongwa. Mchungaji hakuvaa kanzu. Walimzika pembeni kabisa, kwenye miti ya miwati, wanaume wanne na jembe moja, na mama yake akaambiwa asipaze sauti. Niliona kwa macho yangu, nimejificha nyuma ya ua wa matete. Tangu siku hiyo, kila nilipomfunga Kadogo mgongoni niliomba jambo moja: asife kabla baba na Mchungaji hawajaelewana. Mambo ya mbinguni sikuyawaza sana. Niliwaza ile miwati.

Mwezi wa sita kwetu umande huganda mpaka nyasi zinavunjika ukizikanyaga. Kadogo alikuwa na miezi minane. Kilianza kikohozi, kikashuka kifuani, na asubuhi moja tukaona mbavu zinaingia ndani kila akivuta pumzi. Baba akatoka mbio kwa miguu kwenda misheni kuomba gari. Mama alimshika mtoto mpaka jua likapanda, kisha akanikabidhi mimi. "Mshike, nakwenda kukata majani ya mlingoti tumfukize," akasema, akachukua panga akatoka.

Hapo nina neno. Nyuma ya choo chetu palikuwa na mlingoti mkubwa, umejaa majani. Mama aliupita huo, akashuka bonde, akapanda mlima wa pili. Nimemuuliza mara nyingi kwa nini, na kila mara hujibu kwamba majani ya kule yalikuwa mabichi zaidi. Haya. Ahadi yake kwa baba hakuivunja.

Tukabaki mimi na Kadogo kando ya moto. Alikuwa akipumua kwa sauti ya msumeno butu, na sauti ile ilinitisha, lakini ilipopungua ndiyo ikanitisha zaidi. Midomo ikageuka rangi ya zambarau. Macho yakapanda juu nikaona weupe mtupu. Nikaita, "Mama!" Nikaita tena kwa nguvu zangu zote. Walioitika ni kuku.

Sasa, darasani tulikuwa tumefundishwa ubatizo wa dharura: kwamba mtoto akiwa anakufa na mchungaji hayupo, Mkristo yeyote anaweza kumbatiza, hata mwanamke, hata mtoto. Unahitaji maji, jina la mtoto, na majina ya Mungu. Tulikuwa tumejizoeza kwa kubatiza gunzi la mahindi, tena kwa kicheko kingi. Nikajua ni mimi. Hapakuwa na mwingine.

Maji ya mtungi yalikuwa baridi kama mvua ya mawe, nikaogopa yatammaliza. Nikashika birika lililokuwa pembeni mwa moto, nikamimina kwenye kikombe cha bati, nikajaribu kwa kiwiko kama mama alivyofanya akimwogesha. Vuguvugu. Hapohapo nikapata mashaka mapya: je, Mungu anapokea maji yanayonukia chai? Lakini Kadogo hakuwa na muda wa kungoja jibu. Na jina? Jina sikuwa nalo. Wiki ile tulikuwa tumesoma habari za Danieli kwenye tundu la simba, basi likanijia hilo. Mdogo wangu mpaka leo hushukuru kwamba hatukuwa tumefika kwa Nebukadneza.

"Danieli," nikasema, na sauti haikuwa yangu, "ninakubatiza kwa jina la Baba." Nikamimina. "Na la Mwana." Nikamimina. Nikainua kikombe mara ya tatu, na mwanga wa mlangoni ukazibwa.

Alikuwa baba. Amesimama pale kofia mkononi, suruali imelowa umande mpaka magotini, anahema kwa kukimbia.

Jamani, niseme nini? Majina mawili yalikwisha, na hayo ndiyo yaliyokuwa ya baba. Nikiweka kikombe chini, baba ataridhika, lakini Mchungaji atasema hakuna kilichofanyika, na Kadogo atakwenda kwenye miwati. Nikiendelea, nitakuwa nimemwasi baba ndani ya nyumba yake, mbele ya uso wake, katika jambo ambalo alikubali kuaibishwa na kijiji kizima asiliseme. Nilimwangalia Kadogo. Nilimwangalia baba. Matone ya kikombe yakaangukia blanketi.

Baba alinitazama. Kisha akaingia, akapiga magoti kwenye majivu, akapitisha kiganja chake chini ya kichwa cha mtoto, akakiinua kidogo. Akasema kwa sauti ya chini, "Maliza, Mama. Maji yanapoa."

Nikamaliza. "Na la Roho Mtakatifu." Maji yalipita kwenye nywele za Danieli yakaingia kwenye mkono wa baba mpaka ndani ya shati. Hakuuondoa. Amina niliisema peke yangu.

Mama alipofika na mzigo wa majani alitukuta hivyo, tumemwinamia mtoto aliyelowa kichwa. Alisimama mlangoni kama mgeni. Baba akamwambia, "Mtoto wako anaitwa Danieli. Gari linakuja nyuma yangu, niliwaacha wakilitia mafuta." Mama akaachia majani yote, akakaa juu yake, akalia kilio cha msiba, na mtoto yuko hai.

Gari la misheni lilikuja kweli. Danieli akachomwa sindano asubuhi na jioni, akakaa hospitali siku nyingi, akapona. Huyo leo analima mpunga Madibira, ana kitambi na watoto saba, na ukimwambia aliwahi kuenea kwenye mapaja ya msichana wa miaka kumi na miwili anakataa katakata.

Mtoto aliyebatizwa kwa dharura akipona hupelekwa kanisani, ubatizo uthibitishwe na kuandikwa kitabuni, na aliyembatiza lazima aulizwe. Basi nikasimamishwa ofisini mbele ya Mchungaji na wazee wawili wa kanisa, nimevaa gauni la sikukuu, nimepakwa mafuta mpaka nang'aa.

"Ulimbatiza kwa nini, Eliza?" Mchungaji aliuliza.

"Kwa maji ya birika, Mchungaji. Vuguvugu."

Wazee wakatazamana. Mchungaji akasema maji ni maji, ya moto hata ya baridi. "Ulitaja majina gani?"

"Baba, na Mwana, na Roho Mtakatifu."

"Yote matatu?"

"Yote matatu."

Akashika kalamu aandike. Ingeishia pale, na pengine nisingekuwa na habari ya kuwasimulia leo. Hakuniuliza neno lingine. Lakini miezi yote ile ya kuitwa Mafiga Mawili ilikuwa imenikaa kooni, nikaona hii ndiyo siku ya kumrudishia baba heshima yake. Nikasema bila kuulizwa, "Na baba alikuwepo. Ndiye aliyemshika kichwa. Niliposita kwenye jina la tatu, yeye akaniambia nimalize."

Kalamu ikasimama. "Alisema hivyo? Baba yako?"

"Alisema hivyo, Mchungaji."

Mchungaji akatabasamu. Wazee wakatabasamu. Nami nikatabasamu nao. Wahenga walisema mdomo huponza kichwa, ila hawakusema kwamba kichwa chenyewe kinaweza kuwa cha mtu mwingine.

Jumapili Mchungaji alitangaza mimbarini. Hakumsema baba vibaya, sitamsingizia. Alisema kwa furaha ya kweli kwamba mbele ya mauti ndugu yetu ameikubali nafsi ya tatu, na kwamba kanisa linamngojea kwa mikono miwili. Asimame tu pamoja nasi, yaishe. Kina mama wakapiga vigelegele. Mimi nilikaa pale nimeumuka kama andazi. Tukasimama kukiri imani, fungu la kwanza, fungu la pili. La tatu, benchi la nyuma likalia kwiii.

Nilikasirika mimi! Nilimwona baba mnafiki, tena mkaidi, mtu wa kuniaibisha mbele ya vigelegele vyangu mwenyewe. Kwa siku kadhaa shikamoo yangu kwake ilikuwa ya kutupa tu, kama mtu anayetupa maganda ya viazi. Aliipokea kila mara: "Marahaba, Mama." Hakuniuliza kulikoni.

Haukupita mwezi, maneno ya mimbarini yakawa yamefika Mbalizi. Wakaja watu wawili wamevaa makoti. Mkubwa wao alikuwa fundi mitambo mwenye ndevu nyeupe, ndiye aliyekuwa kiongozi wa kile kikundi. "Kamwene," walitusalimia kwa salamu ya kwetu, kwa adabu sana, ingawa ulimi ulionyesha ni watu wa mbali. Nikawapelekea chai na viazi karakanani. Nilipoingia waliacha kuzungumza. Nilipotoka nilimsikia yule mzee akisema, "Sema neno hilo moja tu, ndugu yetu, turudi nyumbani kwa amani." Na baba akajibu, "Hilo siwezi, mzee wangu." Waliondoka viazi havijaguswa. Baba aliwasindikiza mpaka njia panda, akarudi, akashika randa.

Baada ya hapo hakwenda tena Mbalizi. Mimi nilishangilia. Mwisho wa mwezi alikuwa nyumbani, akanitengenezea sanduku la shule lenye kufuli, akamchongea Danieli gari la magurudumu ya mbao. Nilidhani ameanza kuturudia kidogo kidogo. Jumapili aliendelea kukaa benchi lake la nyuma, na Jumamosi alisali peke yake karakanani. Nyimbo alizozileta kutoka Mbalizi zilikuwa za sauti nne, na yeye alijua besi tu. Kwa hiyo ukipita pale ulisikia besi peke yake, mistari miwili mitatu ya chini chini, kisha kimya, anangoja sauti nyingine ziimbe zamu yao, kisha anaingia tena. Danieli alipokua kidogo, mimi na yeye tulikuwa tunamwigiza nyuma ya nyumba. Yeye anaimba "mmm, mmm", mimi nanyamaza nimeinua kidole, tunacheka mpaka mbavu zinauma. Mungu anisamehe.

Miaka ikaenda. Nikaolewa Mbeya, nikapata cherehani yangu na watoto wanne. Safari moja nilikwenda kusalimia kijijini, nikakaa na mama uani tunamenya njegere, na kutoka karakanani nikaisikia ile besi. Nikaanza kucheka peke yangu. "Huyu mzee naye," nikasema. "Hivi wale wenzake wa Mbalizi walimkosea nini mpaka akawaacha?"

Mama akaacha kumenya. "Wewe hujui?"

"Nijue nini?"

"Hakuwaacha. Walimtoa." Aliweka ungo chini. "Siku ile walipokuja walimtaka aseme ubatizo wa Danieli si kitu. Aseme ulikuwa mchezo wa mtoto na yeye hakuukubali. Angesema hivyo, wangembatiza mtoto upya kwa majina yao mawili, na baba yako angebaki ndugu yao. Akawaambia: binti yangu alikuwa peke yake na mauti, akafanya alichofundishwa. Mimi siamini kama anavyoamini yeye. Lakini sitasimama mahali popote niseme alichofanya ni bure."

Njegere zilinimwagika mapajani. Kanisani kwetu baba angerudishiwa kila kitu kwa kusimama tu dakika mbili katika fungu la tatu. Mbalizi angerudishiwa kila kitu kwa kulikana tendo langu. Hakufanya hili wala lile, akabaki bila watu wa kusali nao, mwaka baada ya mwaka, na mimi nyuma ya nyumba nikimwigiza. Na maneno yaliyomfikisha hapo hayakutoka kwa adui. Yalitoka kinywani mwangu, bila kuulizwa, nimepakwa mafuta, nikidhani namtetea.

Nikainuka nikaenda karakanani. Baba alikuwa anakata ubao, mzee sasa, miwani imefungwa kwa uzi nyuma ya kichwa.

"Baba, mama amenieleza habari za watu wa Mbalizi."

Akaendelea kukata.

"Kwa nini hukuniambia? Mimi ndiye niliyesema ofisini kwa Mchungaji. Miaka yote hii nakucheka, baba. Nakucheka!"

Akasimamisha msumeno. "Ulikuwa na miaka kumi na miwili, Mama," akasema. "Ningekuambia, siku nyingine ungemkuta mtoto anakufa ungeanza kwanza kuuliza baba anaamini nini."

"Lakini ulibaki peke yako."

"Peke yangu?" Alinitazama juu ya miwani. "Na kelele zenu hizi?"

Nililia palepale, mtu mzima, mama wa watoto wanne, kwenye vumbi la mbao. Nilitaka kumwomba radhi, kwikwi zikanizidi. Hakunibembeleza, hakuwa mtu wa mambo hayo. Alinipa ncha ya ubao niishike usiyumbe, akamalizia kukata.

Mimi bado nakiri mafungu yote matatu, nimesimama, na nitasimama hivyo mpaka miguu inishinde. Katika hilo baba hakunigeuza wala sikumgeuza. Tulibishana mpaka mwaka aliofariki, naye akaenda na viti vyake viwili. Lakini kwa miaka mingi niliamini kwamba asubuhi ile jikoni nilimshinda, kwamba imani yake ilipiga magoti mbele ya imani yangu. Mimi imani gani? Nilikuwa na kikombe cha maji na maneno niliyokaririshwa, na hofu tele. Baba hakuachia hata chembe ya alichoamini. Alichoachia ni watu, wa huku na wa kule, ili asije akatokea mtu wa kuniambia kwamba nilichomfanyia mdogo wangu kilikuwa bure. Na kweli, mpaka leo hakuna aliyewahi kuniambia.